Salamu za Kichochoroni Osaka

Mjukuu wangu Tusajigwe,

Huku Ibighi tu wazima, ukungu umelala migombani na babu yako anakohoa kidogo tu. Unauliza kama uache kusalimia watu huko Osaka, maana wengi hawaitikii.

Nilipopelekwa huko Japani ujanani na wenzangu kujifunza kilimo cha chai, binti mmoja mwenyeji alitutembeza kwa miguu mtaa mmoja wa Osaka uliojaa taa na mvuke wa vyakula. Nikawa nakunja magoti kumsalimu kila mtu, kama tufanyavyo nyumbani, hadi wenzangu wakaniacha nyuma. Mzee mmoja mkaanga samaki akaweka upawa chini, akainama. Nikashuka zaidi, naye akainama zaidi. Yule binti aliporudi kunitafuta, alitukuta hivyo, kila mmoja akiona haya kutangulia kuinuka.

Wewe salimia tu, mama. Hadi leo nikiinama kupalilia, namwona bado ameinama, ananingoja.

Bibi yako