Sidii Yako Imefika Ikutha

Ikutha, Aprili 1999

Kaka Nzomo huko Mombasa,

Pokea salamu zetu. Huku mvua imekataa lakini jenereta imekubali. Ile sidii ya filamu ya jamaa anayepaa ilifika, na Jumamosi tukaionyesha katika banda la video la Baba hapa sokoni. Kaka, hiyo ndiyo picha! Kwa kanda ya zamani tulidhani shuka lake ni la kijivu kama gunia, kumbe ni jekundu! Watu walikuja hata kutoka Zombe, na kila mmoja nilimwambia ni wewe uliyeituma. Laiti ungekuwepo, hatujakuona tangu tumzike Mama.

Sauti nayo ni safi. Unakumbuka pale mama wa yule jamaa anapomuaga? Kanda ilikuwa inakwaruza tu, na Baba, akitafsiri kwa Kikamba, alisema mama anamwambia arudi nyumbani. Sasa tulisikia Kiingereza wazi: "Nenda, mwanangu, usitazame nyuma."

Baba pia alisikia. Akashika maikrofoni akatafsiri vilevile kama zamani: "Mwanakwa, syoka musyi," mwanangu, rudi nyumbani.

Hakuna aliyemsahihisha. Tulimpigia makofi.

Ni mimi dadako,
Mutindi