Nywele nyeupe za Numbi

Delphine weee, niko nalia!

Nkambo Régine, mama ya mama yangu, anatoka sasa hivi kunielezea mambo ya baba yake, Numbi. Ni ya 1957.

Wakati ya Babeleji, muzee akichoka banamurudisha ku mugini. Njo Numbi alipunguza miaka yake mu kitabu ya kazi, anapaka makala mu nywele nyeupe.

Kisha Leta, ni kusema serikali, ikaleta pension, feza ya bazee benye kuacha kazi. Akanawa makala ku kichwa, akaenda ku biro kuiomba, pamoja na nkambo, wakati ile mutoto wa miaka sita.

Karani akacheka: «Kitabu iko inasema quarante-cinq ans, makumi ine na tano tu. Rudia ku kazi, kijana!»

KIJANA, Delphine! Na mvi yote ile!

Nkambo pia akacheka, alizani ni mchezo. Baba yake akamuangalia tu.

Hakumaliza mwaka, akafia ku kazi.

Sasa nkambo iko ananiuliza: «Alinisamehe?»

Ntamujibu nini?