Saa ya Misa ya Rosa

Changamwe, Jumamosi, 1947

Saa nne, saa nne! Wiki nzima mkwe wangu, babake bwana harusi, hana neno jingine. Ati misa ya ndoa, Jumamosi ijayo, ikiwa saa moja asubuhi, watu wake wa Kaloleni hawataiwahi, maana basi lao hufika saa tatu. Jana nilichoka kubishana, nikamwambia haya, iwe saa nne.

Sikukumbuka kwamba anayetaka kupokea komunyo hali wala hanywi, hata maji, tangu usiku wa manane. Binti yangu Rosa na mwenzake ni vijana, watastahimili. Lakini mama yangu...

Leo asubuhi, yapata saa tatu, nimemkuta amekaa kizingitini. Chai imepoa kando yake, midomo imemkauka.

"Mama, mbona hunywi?"

"Najaribu," akasema. "Nione kama nitafika saa nne. Nataka kupokea pamoja na mjukuu wangu."

Alipotaka kuinuka, miguu ilimkataa. Mimi na jirani yetu, Mzee Athmani, tukamwingiza ndani.

"Kwetu mtu wa umri huu hafungi," Mzee Athmani akaniambia, na sauti yake haikuwa ya mzaha. "Hao wageni waje Ijumaa, walale kwangu. Mikeka ipo."

Nimeona haya. Nimewafikiria watu wa basi, na mama yangu, niliye naye nyumba moja, sikumuuliza.

Kesho nitamwambia padre misa iwe saa moja. Mkwe akinuna, na anune. Atakayechelewa atakuta pilau.