Nyama ya Charles kwenye kumbukumbu ya Mama

Nyasubi,
Kahama.
14 Julai 2025.

Mpendwa mdogo wangu Januari,

Mwangaluka! Shikamoo yako uliyomtuma Lusia nimeipata, marahaba. Hapo Mtwara mnaendeleaje? Mtoto kifua kimeachia? Sisi ni wazima. Baba anatembea mwenyewe mpaka kanisani na kurudi, ila meno yamekwisha, sasa ni uji na maziwa mgando tu.

Uliuliza kumbukumbu ya mwaka mmoja ya Mama ilikwendaje. Kaka yetu Charles alitutia aibu, ndivyo ilivyokwenda.

Alifika kutoka Geita siku mbili kabla, kavaa aproni nyeupe utadhani daktari. Huyu ndiye aliyepika miaka sita kwenye kambi ya mgodi, na kwenye msiba wa Mama hakutia mguu. Safari hii kaja na makopo, akatangaza kwamba ng'ombe aliyeletwa na Mjomba Masele kutoka Kishapu atampika yeye, na wanawake tukae pembeni.

Nyama akaikata nyembamba kama karatasi. Akaipaka karanga za kusaga, tangawizi na pilipili ya unga, eti ndivyo alivyofundishwa na Mnaijeria mmoja, mnunuzi wa dhahabu. Haikutosha. Akafungua kopo la rojo jekundu la pilipili na soya iliyochachushwa, alilozoeshwa na mafundi wa Kikorea pale kambini. Juu yake mafuta ya ufuta, na vitunguu saumu vya kukimbiza nzi wa Kahama nzima. Ndipo akaichoma kwenye mkaa huku anapiga mluzi. Kwenye kumbukumbu ya mama yake!

Katekista alipomaliza sala, sahani zikapita. Mjomba Masele akatafuna kidogo, akaitua sahani chini.

"Charles," akasema, "huyu ng'ombe alikukosea nini?"

Watu walicheka mpaka machozi. Ugali wakaumalizia kwa maziwa. Charles kasimama na koleo lake, jasho linamtiririka: "Onjeni tena, wazee wangu, kipande cha pili ndiyo kinakolea." Nani aonje tena?

Jioni tukajua alichokifuata. Alimwomba Baba kile kiwanja cha Mama cha Buseresere, kando ya barabara, afungue mgahawa wa nyama hiyo. Kazi ya kambini ameshaiacha. Mtu mzima, baba wa watoto watatu, anaacha mshahara kwa ajili ya kopo la pilipili!

Baba alinigeukia mimi.

"Bernadina, mimi sina meno. Wewe ulikuwa naye jikoni. Hiyo nyama ikoje?"

"Baba, haifai kuliwa na watu."

"Basi. Kiwanja kikae."

Charles alifunga makopo yake akaondoka, hata kuaga hakuaga. Nasikia amepanga kibaraza hukohuko Buseresere na wachimbaji wanajipanga foleni. Wachimbaji nao! Watu wanaotoka shimoni na njaa ya siku mbili, hao watakataa nini?

Sasa Januari, wewe sitakuficha. Kabla wageni hawajafika Charles alininyooshea kipande, nikamwambia sitaki uchafu wake. Alipotoka kuchota maji nikala. Nikala vinne. Nyama tamu namna ile sijawahi kuitia mdomoni tangu nizaliwe. Lakini Baba aliponiuliza, nilikuwa naiona siku tuliyomzika Mama, nimeinama kwenye masufuria peke yangu, watu mia mbili wanasubiri, na yeye hayupo. Nilimjibu Baba kwa hasira ile. Nyama haikuwa na kosa.

Jumapili tukitoka kanisani nitamwambia Baba ukweli. Nimekuandikia wewe kwanza, ili nikiingiwa na woga uniulize kama nimeshasema.

Nisalimie Eunice, na mtoto mbusu kwa niaba yangu. Lusia na Mjomba Masele wanawasalimu. Mungu awatunze huko mliko na awarudishe kwetu mkiwa salama.

Dada yako, anayekupenda siku zote,
Bernadina