Jiwe la Chombo cha Khulud

Manzese,
14 Agosti 1994

Kaka yangu Mudathir,

Shikamoo. Naomba barua hii ikukute na afya, na mashimo ya tanzanaiti huko Mererani yasiwe yamekudhuru. Sie huku tu wazima wa mwili. Majirani wote wanakupa pole. Yustina wa nyumba ya pili hajaacha kutuletea uji tangu msiba.

Najua telegramu ilikufikia tukiwa tumeshamzika mwanao. Usitulaumu, maiti hangoji msafiri, nawe uko mwendo wa siku mbili. Tulimzika Khulud baada ya adhuhuri, jirani na kaburi la bibi.

Sasa nikusimulie siku zake za mwisho, maana ni haki yako. Ule ugonjwa wake wa damu, selimundu, ulipompanda safari hii, hakutaka hadithi nyingine ila ile uliyomwandikia: kwamba vyombo vya watu wa nyota za mbali haviendi kwa petroli, vinakwenda kwa mawe kama lile ulilomwachia, kwamba jiwe likiwa la kahawia limelala, likipata moto linageuka buluu na chombo kinaondoka. Nilikuwa nasonya, Mungu anisamehe, mtu mzima kumjaza mtoto uongo. Lakini alivichora vyombo hivyo nyuma ya kalenda, Januari mpaka Desemba, kila kimoja na tanuri tumboni, na wewe dirishani.

Jumatano alasiri aliniomba nilitie jiwe motoni. Uliniusia lisiguswe mpaka uje, kwamba kulichoma kuna wataalamu wake. Nilikumbuka. Lakini, kaka, ungeyaona macho yake. Nikaliweka kwenye jiko la mkaa. Halikukawia, likapasuka kwa mlio, vipande vikapotelea ndani ya makaa. Nikaogopa. Nikaivunja ile chupa ya buluu ya dawa ya tumbo, nikasugua kigae sakafuni kisimkate, nikamtia kiganjani. Nikamwambia limegeuka.

Alikitazama sana. Akasema, "Shangazi, chombo kimfuate baba kwanza. Mie nitasubiri."

Alhamisi asubuhi hakuamka. Waoshaji walikikuta kigae mkononi mwake.

Ningeishia hapo ungenihesabia kosa moja. Siku ya hitima, nilipokuwa nasafisha jiko, niliona kitu majivuni. Kipande kama punje ya hindi, buluu tupu. Kumbe lilikuwa limegeuka kweli. Mtoto alilala hatua tatu tu kutoka kwenye jiwe lake, nami nilimpa kigae cha chupa kwa kuwa sikungoja majivu yapoe. Hilo ndilo linaloniliza, kaka, kuliko hata kifo chenyewe, kwani kifo kimeletwa na Mungu.

Kipande nimekifunga kwenye kitambaa, kimo ndani ya bahasha hii. Nikasirikie ukitaka, ila uje. Kalenda nimeigeuza ukutani, upande wa vyombo vyake, nayo haitaondolewa mpaka uione.

Wasalimie wenzako wa shimoni, na Mungu akupe subira ambayo mimi sina.

Mdogo wako,
Zuena