Nyumba Mbili kwa Talaka Moja

Bucharest, 3 Machi 1986

Mdogo wangu Anghelina,

Habari za Brăila, na kifua chako kinaendeleaje? Sisi tu wazima, ila nyumba ndiyo mahututi. Jana karani wa ofisi ya nyumba alipaka alama nyekundu kwenye lango. Kilima chetu chote cha Uranus kinasawazishwa ili barabara kuu mpya ipite kwenda Jumba la Watu, lile ambalo shemeji yako Tase analisugulia marumaru mwaka wa pili sasa. Yaani mume wangu anang'arisha ngazi za jumba linalonibomolea nyumba. Cheka tu, mimi nimeshacheka.

Sasa sikiliza, na ukimaliza kusoma uichome hii karatasi. Mimi nabomolewa, kwa hiyo nina haki ya kupewa makazi. Tase ni fundi bora, yumo kwenye orodha ya nyumba za barabara kuu. Tukibaki mume na mke tunapewa moja tu. Tukiachana tunapewa mbili, halafu baadaye tunazibadilisha mbili kwa moja kubwa yenye bustani, kama wanavyofanya nusu ya mtaa huu. Tatizo ni kwamba mwanamume asiye na mke hapewi barabara kuu. Na wewe unalia kila siku kwamba mji umefungwa, mtu wa mkoani hapati kitambulisho cha Bucharest.

Umeshaelewa? Utaolewa na Tase. Ni karatasi tu, mwaka mmoja, ukaguzi ukiisha mnaachana. Usiogope. Mwanamume huyo hata chumvi haongezi kwenye supu mpaka nimwambie.

Jibu kwa mkono wa huyu dereva wa lori la saruji, posta usiisogelee.

Dada yako,
Filofteia

—

Brăila, 20 Machi 1986

Dada yangu mpendwa,

Salamu nyingi. Kifua kimepoa, asante. Barua nimeisoma mara tatu, nikaketi juu ya ndoo.

Dada, wewe una akili za ajabu! Nimuite shemeji miaka kumi na miwili, leo nimuite mume mbele ya msajili? Nikicheka je? Na watu wa hapa nitawaambia nini? Nina miaka thelathini na minne, wanangoja kusikia naolewa, nao watataka kuonja keki.

Lakini nitakuja. Nimechoka kushona magunia. Shangazi alipokufa wewe alikuachia nyumba, mimi akaniachia cherehani, na sikusema neno. Sitaki useme sikukusaidia ulipohitaji.

Kanisani sitaingia naye, hilo nakwambia mapema. Mlivikwa taji la ndoa ninyi, na taji hilo litabaki lenu.

Mdogo wako,
Anghelina

—

Bucharest, 14 Septemba 1986

Mke mwenza wangu wa karatasi,

U hali gani huko kwa wakubwa? Mimi mzima, ila magoti yananililia. Nimepewa chumba kimoja huku mtaa wa Militari, ghorofa ya tisa. Tundu la lifti lipo, lifti yenyewe haijafika. Gesi ya kupikia inakuja saa inayotaka. Ukuta una ufa ambao naweza kumsalimia jirani kupitia humo.

Hujanieleza chochote tangu msajili. Mahakamani kulikuwa na vituko! Hakimu alitaka sababu ya talaka, nikamwambia Tase hunipiga kwa kikaango. Maskini, alibubujikwa na machozi ya aibu, na hakimu akadhani anajuta. Talaka ikatoka siku hiyo hiyo.

Tase anapokuja Jumapili anasema nyumba yenu "nzuri kidogo". Kidogo kiasi gani? Niambie vyumba, madirisha, jiko, kila kitu. Mimi huko siwezi kuonekana mpaka mwaka uishe, mjumbe wa jengo asije akaniuliza natafuta nini kwa mume niliyemwacha. Kwa hiyo uwe macho yangu.

Dada yako,
Filofteia

—

Bucharest, Barabara Kuu, 2 Oktoba 1986

Dada mpendwa,

Shikamoo, na pole sana na magoti. Umeniomba nisikufiche, basi sikufichi. Vyumba viwili. Sakafu ya mbao, inanukia nta. Maji ya moto asubuhi na jioni. Lifti ina kioo. Kutoka dirishani naliona Jumba lote, jeupe, na winchi zake juu, na usingizi unanijia nikiwa bado nahesabu madirisha. Kasoro ni kwamba upande wa barabarani haturuhusiwi kuanika nguo wala kuweka hata chungu cha maua, na Ndugu Mkuu wa nchi anapokuja kukagua ujenzi tunaambiwa tufunge madirisha.

Ukaguzi wa kwanza umepita. Mjumbe alifungua kabati, akahesabu viatu vya kiume, akaniuliza ghafla: "Mumeo hulala upande gani?" Nikasema ukutani. Akaandika, akaondoka. Shemeji aliketi chini, tukacheka mpaka tukashika mbavu.

Jirani yetu wa mlango wa pili, Bi Smaranda, mpiga chapa wa wizarani, mjane, ametuletea kahawa. Kahawa ya kweli, dada, si ile ya shayiri! Anasema shemeji ana mikono ya msanii.

Mdogo wako,
Anghelina

—

Bucharest, 5 Oktoba 1986

Anghelina,

Natumaini mzima. Mimi sijambo, ila sijalala vizuri.

Kweli hulala upande wa ukutani. Ulijuaje?

Basi tuliache. Nakuonea wivu, nisikufiche na mimi. Niliposoma hadi kwenye lifti yenye kioo niliikunja barua nikaiweka chini ya sufuria. Mimi napasha maji ya kuoga kwenye birika, mtu wangu anaoga kwa bomba. Lakini hilo nitalivumilia, ni la mwaka mmoja.

La Smaranda sitalivumilia. Mikono ya msanii! Mjane mwenye kahawa ya kweli hatoi kahawa bure. Mimi niko mbali, na fimbo ya mbali haiui nyoka. Wewe ndiye fimbo yangu ya karibu. Kwa hiyo fanya hivi. Mgande Tase. Akienda foleni ya nyama, nenda naye. Akirudi kazini akute chakula mezani, asipate sababu ya kubisha mlango wa pili. Anapenda ugali wa mahindi na jibini ya chumvi, na kabichi za kufunga, zile zenye nyama ndani, usimwekee bizari nyingi. Mizaha yake ni ya kijinga, lakini uicheke. Ukimwona amenyamaza, muulize habari za marumaru, atazungumza saa nzima. Jioni mshike mkono mtembee barabarani ili huyo mama awaone.

Usiniangushe.

Dada yako,
Filofteia

—

Bucharest, Barabara Kuu, 15 Desemba 1986

Dada,

Hujambo? Sisi hatujambo. Baridi imeingia, lakini ndani kuna joto.

Usiwe na wasiwasi wa Bi Smaranda. Hagongi tena. Nimefanya ulivyoagiza. Jumamosi tulipanga foleni tangu alfajiri tukapata miguu ya kuku, na watu walituita vijana waliooana juzi. Habari za marumaru ni nzuri kweli, sikujua. Kumbe jiwe lina mishipa, na fundi akilikata vibaya, mshipa unakatika na jiwe halifai tena. Alinipeleka kwenye lango la Jumba nikaona ngazi. Kubwa mno, dada. Mtu anajiona mdogo mpaka anaona haya.

Jumapili hizi hawezi kuja kwako kwa sababu sasa wanafanya kazi siku zote saba, tarehe ya kukabidhi ukumbi imesogezwa. Tase anakusalimu.

Anghelina

—

Bucharest, 10 Januari 1987

Mdogo wangu,

Heri ya Mwaka Mpya, ingawa umeshachacha. Vipi afya?

Nilipika kabichi za kufunga thelathini. Nilipata nyama ya nguruwe kwa kumpa mwenye bucha viatu vyangu vya harusi. Nikaziteremsha sahani ghorofa tisa kumlaki Tase kituoni, kwa sababu alisema siku ya Mwaka Mpya lazima atapata ruhusa. Tramu zilipita kumi na moja. Nikapandisha kabichi zangu.

Sikuulizi mengi. Swali moja tu: yule mama wa kahawa alisherehekea wapi? Niandikie upesi. Na mwambie Tase hata kama ni nusu saa, aje. Nimemfumia soksi.

Dada yako anayengoja,
Filofteia

—

Bucharest, 30 Machi 1987

Anghelina,

Hii ni ya tatu bila jibu. Dereva anaapa anazifikisha, anasema unazipokea mwenyewe mlangoni, umevaa aproni.

Je, unaumwa? Tase anaumwa? Vumbi la mawe limemwingia? Kama Smaranda amemchukua, niambie, mimi si mtoto. Nitakuja nimng'oe nywele mbele ya mjumbe na nyumba zote mbili zipotee. Usinilinde. Nataka jina tu.

Filofteia

—

Bucharest, Barabara Kuu, 12 Aprili 1987

Dada yangu,

Sijui nikuamkie vipi. Nimeanza barua hii mara nyingi.

Bi Smaranda hana kosa. Aliolewa Februari na daktari wa meno, amehama. Jina unalolitaka ni langu.

Dada, nilifanya kila ulichoniambia. Nilipika, nilicheka, nilimshika mkono. Wiki za kwanza nilikuwa nakufanyia wewe, naapa kwa kaburi la mama. Baadaye sikumbuki ni lini niliacha kukufanyia wewe. Yeye alinyamaza muda mrefu kuliko mimi. Ndiye aliyeacha kuja Jumapili kwanza, kwa sababu hakuweza kukutazama machoni. Kazi za siku saba nilikudanganya. Naomba radhi kwa hilo peke yake, maana kwa yale mengine sijui neno linalotosha.

Nitasema na hili, ukinichukia unichukie kwa ukweli mzima. Nilikuonea wivu tangu tulipokuwa wasichana. Nyumba, mume, hata jinsi mkate wako ulivyoumuka. Nilipofika hapa nikaona kwa mara ya kwanza wewe ndiye unayeuliza na mimi ndiye ninayejibu, nikafurahi. Nilifurahi, dada. Hilo ndilo linaloniumiza zaidi.

Mwaka unaisha Agosti. Ukitaka tuachane kama tulivyopanga, nitatia sahihi. Tase amesema uamue wewe. Amelia aliposema hivyo.

Anghelina

—

Bucharest, 18 Oktoba 1987

Anghelina,

Nimekaa miezi sita bila kukujibu, na sikuwa na shughuli yoyote. Sina haja ya kukuuliza hali, naijua. Nimekuja barabara yenu mara nne nikasimama upande wa pili, kwenye chemchemi zisizo na maji. Mara moja nilimwona akibeba mfuko wa viazi nawe ukimnyooshea kola. Wivu ulinishika hapa, chini ya mbavu, nikalazimika kukaa. Zamani nilidhani wivu wangu ni wa maji ya moto.

Agosti nilikwenda ofisi ya nyumba. Nilikuwa nimeandika kurasa mbili: ndoa yenu ni ya uongo, mlioana kwa ajili ya vyumba. Karani alisoma, akavuta jalada, akaniuliza kwa upole, "Mama, si huyu aliyekuwa akikupiga kwa kikaango? Mshukuru Mungu umepona." Nikamwambia hiyo ndoa ni bandia. Akanisomea ripoti ya mjumbe wenu. Wanakula pamoja. Wanapanga foleni pamoja. Jioni hutembea wameshikana mikono. Mke hucheka mizaha ya mume. "Bandia iko wapi hapo, mama?" akasema. "Hii ni familia ya mfano."

Nilisikiliza ripoti nzima, na sikukuta humo jambo hata moja ambalo sikuliagiza mimi mwenyewe. Nikaomba karatasi zangu, akanirudishia.

Kuhusu sahihi, usitie. Nimeamua. Mume anayengoja niamue, na analia, hakuwa kitu cha kubadilishana kama chumba, na nilipaswa kulijua hilo kabla ya nyinyi wote. Bustani siitaki tena. Chumba hiki kinanitosha, hata ufa wameuziba.

Sasa koti lake. Lile zito la baridi liko kwangu, limetundikwa nyuma ya mlango, na kila nikiingia nadhani kuna mtu. Majira yameshageuka na ninajua hana lingine. Jumamosi asubuhi njoo ulichukue. Uje wewe, asije yeye. Nikikuona wewe nitakutukana ghorofa zote tisa, majirani watafungua milango, na utaondoka na koti. Nikimwona yeye nitamshika miguu nimwombe arudi, na jinsi nilivyomzoesha kunisikiliza, atarudi. Mimi nitamchukua. Kwa hiyo usimruhusu hata afike kituo cha tramu.

Kifungo cha pili kimelegea, kishone.

Dada yako,
Filofteia