Kahawa ya Mzee Dahham

Baghdad, 2 Machi 1994

Kaka Mizban,

Salamu nyingi. Mgongo wako vipi? Mama hajambo, ila chakula hakimpiti kooni.

Kaka, wanataka kuniua. Ile filamu niliyoigiza kama mzee aliyemuuza mgeni wake kwa askari wa Kituruki imeonyeshwa kwenye televisheni. Watu wa ukoo mmoja wa Ramadi wanasema huyo ni babu yao, na nimewavua nguo mbele ya watu. Wameupiga mlango wetu risasi. Mwandishi hawamtaki. "Sura tuliyoiona ni yako," wanasema. Miaka ishirini naigiza, leo ndiyo nimekuwa maarufu!

Kesho ami Khalaf na wazee wetu wananipeleka kwa mkubwa wao, Mzee Dahham, kuomba msamaha. Barua nampa Hatim, dereva wa basi la Amman.

Mdogo wako, Luai

Amman, 3 Machi

Mdogo wangu,

Nakuombea uzima. Mgongo ni ule ule; mifuko ya saruji haina huruma.

Ukipewa kahawa, iweke chini. Usiiguse mpaka mwenyeji aseme mmepata mlilojia. Ukinywa kabla, huna tena cha kuomba. Nakuonya kwa kuwa kwenye filamu zako masheikh wanabugia kahawa kama wana kiu ya mwaka, na kijijini tunawacheka.

Kaka yako, Mizban

Ramadi, 4 Machi

Kaka,

U mzima? Hatim kasikia habari zangu mgahawani, kaniletea barua yako huku huku. Imechelewa.

Koo lilinikauka kwa woga. Nikapewa kikombe, nikanywa. Ami Khalaf akafumba macho. Mzee Dahham akasema, "Mwigizaji kanywa. Basi hana haja. Ni mgeni tu."

Wazee wetu wakaondoka vichwa chini. Mimi sikuthubutu kutoka. Humu ndani hawanigusi. Wakimuua mgeni, watakuwa wameithibitisha filamu wenyewe. Lakini kwa mila mgeni hulindwa siku tatu na kipande tu, na vijana wananingoja nje na bunduki. "Babu!" wananiita. "Hutoki kutuona wajukuu zako?"

Mdogo wako, Luai

Amman, 5 Machi

Luai,

Salamu baadaye, Hatim ameshawasha gari. Ugua! Mgeni mgonjwa hafukuzwi mpaka apone. Umeshakufa mara ngapi kwenye filamu? Tetemeka, weweseka, kataa chakula. Na usitie madoido: Dahham amezika wengi, mgonjwa anamjua.

Kaka yako, Mizban

Ramadi, 9 Machi

Kaka,

Namshukuru Mungu, bado napumua. Nawe?

Nimeugua vizuri. Mzee Dahham ananinywesha supu kwa mkono wake. Jana aliwatoa watu wote chumbani, akaniinamia sikioni.

"Mwanangu, babu yangu alimuuza kweli yule mgeni. Hata kufuta ndevu alifuta hivyo hivyo ulivyofuta wewe kwenye filamu. Nani alikwambia?"

Hakuna aliyeniambia, kaka. Nilibuni. Nilifumba macho nikaendelea kutetemeka, na tangu hapo siigizi tena.

Hivi mtu humwambia siri kama hiyo mtu atakayemwacha aende zake?

Mdogo wako, Luai